Kutoka video za harusi mpaka dokumentari, nianzie wapi?

Kijana_Wete: Asalam alaykum wajameni. Mie napiga video za harusi hapa Pemba mwaka wa nne sasa, nna kamera moja na lenzi mbili, nshachoka kumfata bibi harusi ngazi juu ngazi chini. Nataka dokumentari, filamu za mambo ya kweli, niwe mshika kamera hasa. Watu wananambia bila ya drone, ile kamera ya kuruka, hupati kazi. Nikope ninunue?

Bi_Bamvua: Usikope yakhe. Drone inataka vibali, utakuja kuilaza kabatini huku deni linakimbia. Nkuhadithie. Mara ya kwanza nlikwenda Paje, kule Unguja, kuwapiga video kinamama wanaolima mwani, nkafika saa nne asubuhi na makamera yangu, pwani hamna mtu, maji mafu! Bibi mmoja akanicheka akanambia mwanangu rudi bamvua, maji yakitoka mbali. Nkarudi, siku ya kwanza kamera sikuitoa, nkakaa nao kwenye maji nafunga mwani kwenye kamba mpaka vidole vikachubuka, siku ya pili hakuna hata mmoja aliyeniangalia. Hapo ndo nkapata ule mkono unakaza taitai, vile vikamba vya kufungia mwani, na jua linacheza majini. Ndo picha pekee aliyoisifu aliyenituma, na nlikuwa na masaa matatu ya video.

fundi_sauti: Nakubaliana na bi mkubwa ila mwanangu nunua maiki yenye manyoya kabla ya chochote, kusi ikivuma hapo pwani husikii mtu, picha mbovu watu watavumilia, sauti mbovu hawavumilii. Na weka fremu 25 kwa sekunde, na shata, yaani muda kila fremu inapopata mwanga, 1/50 ya sekunde, umeme wetu 50 Hz, ukiweka 1/60 taa za tyubu zitapepesa video nzima. Nakili kila kitu mara mbili kabla hujalala. Mie nshalia kwa hilo sitaki hata kuhadithia.

Mtu_wa_Darajani: Harusi usizidharau, zimeshakufunza kwamba hakuna kurudia. ZIFF, lile tamasha la filamu la Zanzibar, ikifika njoo Ngome Kongwe huku Mji Mkongwe uangalie dokumentari, sio filamu za kuigiza tu, na ukimuona mpiga picha mng'ang'anie kwa maswali.

Kijana_Wete: Ahsanteni. Basi drone sinunui. Bibi yangu yupo barazani kwake anachambua karafuu, anatoa makonyo na hata haangalii mikono. Leo siku ya pili nakaa nae tu nachambua. Ananiuliza kwani kamera imeharibika.