Jean-Claude Carrière: je, aliiacha riwaya alipoingia kwenye filamu?

Msomaji wa Jioni
Ndugu zangu, mwandishi Mfaransa Jean-Claude Carrière alichapisha riwaya yake ya kwanza, Lézard, mwaka 1957, lakini hadi alipofariki mwaka 2021 wengi walimfahamu kama mwandishi wa skripti za filamu. Naomba kueleweshwa jinsi mtunzi wa riwaya alivyofika huko, na kama ni haki kusema kwamba aliitelekeza fani yake ya kwanza.

Mzee wa Maktaba
Jambo la ajabu ni kwamba mlango aliopitia ulikuwa kinyume na ule uliozoeleka, kwa maana hakuanza kwa kugeuza kitabu kuwa filamu, bali filamu kuwa kitabu. Mchapishaji wake, Robert Laffont, alikuwa na makubaliano na mwongozaji Jacques Tati ya kutoa vitabu vilivyotokana na filamu zake, na kazi hiyo akapewa kijana Carrière. Tati alipogundua kwamba mwandishi huyo hajui filamu inavyotengenezwa, alimkabidhi kwa mhariri wa filamu zake, Suzanne Baron, ambaye alimkalisha mbele ya mashine ya kuhariria, skripti ikiwa mkononi, ili aone kwa macho yake umbali uliopo kati ya sentensi iliyoandikwa na picha iliyopigwa. Kwa maoni yangu, somo hilo lilimfaa kuliko shule yoyote. Hapo kwa Tati ndipo alipokutana pia na mchekeshaji Pierre Étaix, wakatengeneza pamoja filamu fupi ya Heureux Anniversaire, iliyopata tuzo ya Oscar mwaka 1963.

Kalamu Kavu
Nakubaliana na Mzee, ila bila Luis Buñuel, mwongozaji wa filamu mzaliwa wa Hispania, maelezo hayo hayajakamilika. Kuanzia Le Journal d'une femme de chambre ya mwaka 1964 hadi Cet obscur objet du désir ya mwaka 1977, waliandika pamoja filamu sita, mara nyingi wakijifungia hotelini, mbali na jamaa na marafiki, wakisimuliana visa na kuigiza wenyewe matukio kabla ya kuyaandika. Mtunzi wa riwaya hukaa peke yake na hana wa kumkatalia. Carrière alikubali kukataliwa kila siku, na nadhani hapo ndipo wengi waliojaribu njia hiyo hushindwa. Yeye mwenyewe aliiona skripti kama kiwavi ambacho hakina budi kutoweka ili kipepeo aruke, na kwa kweli skripti nyingi huishia jalalani upigaji picha unapokwisha.

Mzee wa Maktaba
Umenena vyema. Kuhusu kuitelekeza riwaya, jibu langu ni hapana, kwa kuwa mwaka 1992 alitoa riwaya ya La Controverse de Valladolid, kuhusu mjadala wa karne ya 16 nchini Hispania juu ya utu wa wenyeji wa Amerika, na kisa hicho hicho kikawa filamu ya televisheni mwaka huo huo.

Msomaji wa Jioni
Ahsanteni sana. Nianzie wapi?

Kalamu Kavu
Anza na Le Retour de Martin Guerre ya mwaka 1982, aliyoiandika pamoja na mwongozaji Daniel Vigne, wakapata tuzo ya César, tuzo kuu ya filamu ya Ufaransa, kwa skripti hiyo. Buñuel atakusubiri.