Balozi mteule: kazi inaanza lini, na kinga je?

Mdadisi: Wakuu, balozi akishatua lakini hajakabidhi hati za utambulisho kwa mkuu wa nchi, anaruhusiwa kufanya kazi? Na kinga yake ya kutoshtakiwa nchini humo inaanza lini?

Itifaki: Mkuu, kwanza ni ridhaa: nchi inayompokea lazima imkubali, na ikimkataa haidaiwi sababu. Akifika, hupeleka nakala ya hati wizara ya mambo ya nje. Kwa Mkataba wa Vienna wa 1961 kuhusu uhusiano wa kidiplomasia, ibara ya 13, kazi huhesabika imeanza kwa nakala hiyo au kwa kukabidhi hati zenyewe, kutegemea desturi ya nchi. Ulizeni idara ya itifaki mapema, maana tarehe na saa ya kuanza kazi ndiyo inayopanga nafasi yake miongoni mwa mabalozi wenzake.

Msomaji: Kinga haisubiri sherehe. Ibara ya 39: inaanza akiingia nchini kwenda kushika kazi.

Nanga: Naongezea, kinga ni ya nchi yake, si yake binafsi. Hawezi kujivua; nchi ndiyo huiondoa, tena kwa tamko la wazi. Panapoharibika sana ni kwenye biashara binafsi. Ibara ya 42 inaikataza, na akishtakiwa madai yanayotokana nayo, kinga haimsaidii.