Vita vya Kagera vichorwe kwa fedha za umma? Mjadala uko wazi

Mwanzisha hoja

Uingereza ilimpeleka mchoraji wake rasmi wa kwanza, Muirhead Bone, Ufaransa mwaka 1916. Katika Vita vya Pili vya Dunia ikaunda kamati iliyokusanya karibu kazi 6,000 za wachoraji zaidi ya 400. Ethiopia ina picha za Adwa, vita ilivyowashinda Waitalia, zinazochorwa mpaka leo. Sisi Watanzania tuna vita dhidi ya Uganda ya Idi Amin, vilivyoanza Oktoba 1978 na kuwafikisha askari wetu Kampala Aprili 11, 1979, na kumbukumbu yake imebaki kwenye picha za kamera, makaburi ya askari ya Kaboya na midomo ya wazee wanaozidi kupungua. Mimi nasema serikali iagize picha kubwa za rangi ya mafuta, izitundike mahali pa umma. Nipingeni, ila kwa hoja za kazi. Siasa za vyama zibaki nje.

Mafunjo

Agizo halitembei peke yake, mkuu. Linakuja na mwenye pesa. Huyo huyo Mwingereza unayemsifu: mwaka 1917 C.R.W. Nevinson alichora picha ndogo tu, sentimita 46 kwa 61, askari wawili wa Kiingereza wamelala kifudifudi kwenye tope, pembeni seng'enge. Alikuwa mchoraji rasmi. Wakubwa wakaikataa, kwa kuwa maiti wa upande wao hawakutakiwa kuonekana. Alipoitundika kwenye maonyesho London mwaka 1918 akaibandika ukanda wa karatasi ya kaki wenye neno moja, kwamba imezuiwa. Akakaripiwa mara mbili: kwa kuionyesha, na kwa kuliandika neno lile.

Sasa turudi kwetu. Askari wetu waliuteka Masaka, mji wa Uganda, Februari 1979. Baada ya hapo majengo mengi ya Masaka na Mbarara yalilipuliwa kwa baruti, kulipiza yaliyotendeka Kagera. Je, kamati yako itamlipa mtu achore askari wetu akitega baruti kwenye nyumba ambayo haina adui ndani? Kama haitamlipa, usiite historia. Ita tangazo.

Fremu na Kabari

Hayo nawaachia ninyi. Mimi nataka kusema picha kubwa inakufa vipi, kwa sababu naona mnaagiza turubai la mita tatu kama mtu anayeagiza kalenda.

Ukuta kwanza. Mwaka 1918 kamati ya London ilipanga Ukumbi wa Kumbukumbu, ikawapa wachoraji kipimo cha sentimita 183 kwa 317, ambacho kilitoka kwenye picha ya Mwitaliano wa zamani, Uccello, ya vita vya San Romano. Mchoraji Paul Nash akachora barabara ya Menin kwa kipimo hicho hicho. Picha zikaja, ukumbi haukujengwa kamwe. Kwa hiyo msiagize kitu kabla ya kujua kinakaa wapi, na kama kinapita mlangoni. Kisipopita, kinavuliwa kwenye fremu na kuviringishwa kwenye bomba nene, rangi ikitazama NJE. Wengi huviringisha rangi ikiwa ndani wakidhani wanailinda. Inajibana, na siku ya kukunjua inaachia vipande.

Fremu ya urefu huo iwe na mbao za kupitisha katikati, la sivyo inapinda kama upinde. Pembeni ziachwe nafasi za kabari, kitambaa kikilegea unagonga kidogo. Kitambaa kipakwe gundi kwanza, ndipo andakoti, tabaka mbili nyepesi badala ya moja nzito. Mtu akiruka gundi, mafuta ya kitani yanaingia kwenye nyuzi, yanazichoma polepole, na baada ya miaka turubai linachanika ukiligusa kwa kidole. Rangi za chini ziwe na tapentaini nyingi, za juu ziwe na mafuta zaidi. Ukigeuza mpangilio huo, ya juu inakauka kabla ya ya chini na uso wote unapasuka kama tope la kiangazi.

Na kama itatundikwa Dar au Tanga: isigusane na ukuta. Weka vipande vya koki, ile ya vizibo vya chupa, nyuma ya pembe nne, hewa ipite. Ukungu huanzia nyuma, mahali ambapo hakuna anayetazama.

Kuhamisha mchoro ndiyo kazi rahisi kuliko zote. Rasimu ya sentimita 18.3 kwa 31.7, miraba ya sentimita 2. Kwenye turubai kila mraba unakuwa sentimita 20. Tatizo la rasimu ni nani anaiidhinisha, na hapo nakubaliana na Mafunjo.

Mwanzisha hoja

Mafunjo, umemtaja Nevinson ukamruka Sargent. Mwaka 1918 John Singer Sargent aliagizwa na kamati hiyo hiyo achore Waingereza na Wamarekani wakipigana bega kwa bega. Mada ya kisiasa kabisa. Alipofika Ufaransa hakuona cha kuchora katika hilo. Agosti akakuta kituo cha matibabu karibu na Arras, askari waliopigwa gesi ya haradali, macho yamefungwa vitambaa, wameshikana mabega kwa mstari. Akachora hicho, turubai la zaidi ya mita sita. Tazama yule mmoja anayenyanyua mguu juu kupita kiasi: ameambiwa kuna kizingiti, hakioni. Nyuma yao wenzao wanacheza mpira. Kamati iliagiza kingine, ikapokea hiki. Kwa hiyo agizo si lazima liue ukweli.

Mafunjo

Sargent alikuwa na miaka 62 na jina linalojulikana pande mbili za Atlantiki. Nani angemrudishia turubai lake? Nipe mfano wa mchoraji asiye na jina.

Mtu wa Lubumbashi

Mfano uko kwetu, tena kwa Kiswahili. Tshibumba Kanda Matulu hakuagizwa na jeshi wala wizara. Alikuwa anauza picha mitaani, zile za kutundika sebuleni, kwenye kitambaa cha magunia ya unga kilichovutwa kwenye fremu ya mbao. Miaka ya 1973 na 1974 alimchorea mtafiti Johannes Fabian mfululizo wa historia ya Zaire, picha kama mia moja, na maelezo yake akayatoa kwa Kiswahili cha Shaba, yaani cha Katanga. Zimo vita, kujitenga kwa Katanga, na kifo cha Lumumba, Januari 1961. Alijiita mwanahistoria.

Lakini msimfanye mtakatifu wa ukweli. Lumumba na wenzake waliouawa naye, Mpolo na Okito, amewalaza chini, na nyuma yao ameweka misalaba mitatu. Hakuna aliyesema kulikuwa na misalaba pale. Alikuwa anatoa hukumu, na mnunuzi wa sebuleni aliisoma bila kuelezwa. Kwa hiyo ninyi wawili mnabishana juu ya nani alipe, wakati swali ni picha inasomwaje. Na jambo moja la uchungu: mfululizo ule uko Amsterdam, kwenye makumbusho yaliyoitwa Tropen hadi 2023, sasa Wereldmuseum. Aliyelipa ndiye aliyebeba.

Dada Kabibi

Ongeza Adwa hapo. Machi 1, 1896, ilikuwa siku ya Mtakatifu Georgi kwa kalenda yao, ndiyo maana kwenye picha zao yuko juu angani kwenye farasi. Mfalme Menelik upande mmoja, mkewe Taytu naye yupo vitani, Waitalia upande wa pili. Angalia macho: Waethiopia wanachorwa uso mzima, macho mawili, na adui anachorwa ubavuni, jicho moja. Ni kanuni iliyotoka kwenye picha za kanisani. Ukiijua kanuni hudanganyiki, unasoma. Hatari iko kwenye picha inayojifanya kamera.

Lakini hata kanuni ina mipaka. Baada ya vita vile mateka askari wa Eritrea waliopigania Italia walikatwa mkono wa kulia na mguu wa kushoto. Hao wachorwe macho mangapi?

Kyaka Darajani

Mimi nasimama kwenye vitu. Anayetaka kuchora Kagera kwa mtindo wa kamera aanze na haya, maana wazee watamcheka mlangoni.

Daraja la Kyaka lililipuliwa na jeshi la Amin Novemba 1978. Ukichora askari wetu wakivuka kwenda mbele juu ya daraja zima lile la zamani, umekosea. Vifaru: vyetu vilikuwa Type 59 vya Kichina, ambavyo ni nakala ya T-54 ya Kisovieti. Amin alikuwa na T-55, na Sherman za zamani za Kimarekani, ndefu kwenda juu, huwezi kuzichanganya. Ila Type 59 na T-55 zinafanana sana kwa mbali. Tofauti ya haraka ni juu ya mnara, mbele upande wa kulia: Type 59 ina kifuniko cha hewa chenye umbo la uyoga, T-55 haina. Mchoraji akikisahau, ameshawapa adui vifaru vyetu.

Halafu Lukaya, ndani ya Uganda, Machi 10 na 11, 1979. Hapo ndipo ninapotaka picha, na hapo ndipo pagumu. Barabara moja inakatisha kinamasi, mafunjo pande zote. Usiku wa kwanza brigedi yetu ya 201 ilishambuliwa na jeshi la Amin, Walibya wakiwemo, na wengi wa askari wetu wakatawanyika gizani. Brigedi yetu ya 208 ikazunguka kwa mbali, ikamtokea adui kwa nyuma asubuhi. Utachora nini? Usiku wa kutawanyika, au asubuhi ya ushindi? Nimeshasikia mapendekezo ya asubuhi tu.

Fremu na Kabari

Zote mbili, turubai mbili za kipimo kimoja, ukuta mmoja. Usiku hauhitaji nyeusi ya kopo, itazama na kuwa shimo. Changanya buluu nzito na kahawia iliyochomwa, weka mafunjo kwa brashi kavu. Na usimfanye kila askari aonekane usoni. Gizani hata aliye karibu nawe humwoni.

Mafunjo

Turubai mbili nakubali, mkiongeza la tatu: Masaka. Na mkataba uwe na kifungu. Kamati ikague sare, silaha, mito na barabara, na ikome hapo. Isikague nani anaonekana amekufa.

Mwanzisha hoja

Kifungu hicho naweza kukiandika. Masaka naona itakwama kwenye kikao cha kwanza.

Mafunjo

Basi ikwame kwa maandishi, na majina ya waliopiga kura.

Kyaka Darajani

Na michoro ya awali ibaki na nani? Mkataba ukikaa kimya, mwenye kulipa atachukua turubai na daftari pia. Mimi daftari nalitaka zaidi, kwa sababu humo mzee amesimama na fimbo akimwonyesha mchoraji kinamasi kilianzia wapi.