Samani za kale zenye pembe za ndovu: je, Uingereza imewaonea wakusanyaji?

Mleta mada
Wadau, salaam. Tangu Juni 6, 2022, ni kosa kufanya biashara ya pembe za ndovu nchini Uingereza, hata kama kitu chenyewe kilichongwa kabla babu wa babu yako hajazaliwa. Ukikamatwa ni jela hadi miaka 5 au faini isiyo na ukomo. Wauzaji na wakusanyaji wa samani na mapambo ya kale waliipinga mahakamani sheria hiyo, iliyopitishwa 2018, wakashindwa. Wakakata rufaa, na 2020 wakashindwa tena. Kilio chao kiko palepale: tembo aliyeuawa 1780 hafufuki kwa sababu kijisanduku cha majani ya chai kimezuiwa mnadani.

Mimi naiunga mkono sheria, na kama ina kasoro basi ni ulegevu. Hakuna aliyenyang'anywa kitu. Kukaa nacho ruksa, kumrithisha mwanao ruksa, kumpa rafiki bure ruksa. Halafu tazameni misamaha yake. Kitu cha kabla ya Machi 1947 ambacho pembe haifiki asilimia 10 ya ujazo wake, unakisajili kwa pauni 20 na kukiuza. Chukueni birika la fedha la karne ya 19. Kwenye mpini, karibu na pale unaposhikana na birika, wamepachika vipande vya pembe vyembamba kama sarafu ili joto lisimfike vidoleni mwenye kumimina chai. Linauzwa. Kabati lenye vishikio vya pembe, linauzwa. Piano la kabla ya 1975 lenye pembe chini ya asilimia 20, linauzwa. Na kitu cha kabla ya 1918 kikikubalika kuwa cha thamani ya kipekee kisanaa au kihistoria, kinapewa cheti. Maombi ni pauni 250. Sasa aliyeonewa ni nani?

Mdau, fundi samani Uingereza
Mkuu, nina wasiwasi hujawahi kuvishika hivyo vitu. Mimi kazi yangu ni kukarabati samani huku. Kitu kisichouzika hakiletwi kwa fundi, maana hakuna anayetaka kulipia matengenezo ya mali isiyo na bei. Kinaishia stoo, baadaye kwenye jalala. Na wapo wanaong'oa pembe na kubandika plastiki ili wasisumbuke na usajili. Fundi wa miaka 200 iliyopita alikaa siku nzima anapachika ua moja kwenye mlango wa kabati, leo mtu analing'oa kwa bisibisi!

Tena kutambua si kazi ngumu. Pembe ya ndovu iliyokatwa kwa upana ina mistari myembamba inayokatana. Mfupa una vidoa vidogo vyeusi. Lenzi ya mkononi inatosha.

Mleta mada
Fundi wangu, lenzi inakwambia ni pembe. Haikwambii tembo alikufa mwaka gani, na huo ndio mlango wanaopitia wahuni. Pembe mpya inachovywa kwenye chai ikapata rangi ya uzee, inaingia sokoni na hadithi ya "ilikuwa ya bibi". Mwaka 2018 shirika la Avaaz lilinunua vipande 109 katika nchi 10 za Ulaya, vikapimwa kaboni kujua umri wake Chuo Kikuu cha Oxford. Robo tatu vilikuwa vya baada ya 1947. Kipimo hicho kinafanya kazi kwa sababu mabomu ya nyuklia ya miaka ya 1950 yaliacha alama hewani, na alama hiyo imo ndani ya kila mnyama aliyeishi baadaye. Lakini hakuna mnada utakaotoboa na kupima kila kichana.

Isitoshe, Aprili 30, 2016 tulichoma tani 105 za pembe Nairobi. Sisi tulitia moto mali yetu, wao wanaambiwa tu wasiuze, wanalia.

Mdau wa Arusha
"Tulichoma" nyie Wakenya. Tanzania hatukuchoma. Mwaka 2010 kule Doha, kwenye mkutano wa CITES, mkataba wa kimataifa wa biashara ya viumbe vilivyo hatarini, tuliomba tuuze takriban tani 90 za meno ya tembo tulizokuwa nazo ghalani, tukakataliwa. Leo mzungu mwenye birika lake anaruhusiwa kuuza, sisi wenye tembo tumefungiwa ghala. Mnaita hiyo haki?

Mleta mada
Kaka, miaka ya 1970 hifadhi ya Selous huko kwenu ilikuwa na tembo zaidi ya 100,000. Sensa ya 2013 ilikuta kama 13,000. Soko halali huku majangili wanamaliza porini, mimi siliwezi. Lakini kuhusu birika nipo na wewe, ndiyo maana nilisema sheria imelegea.

Mdau wa Lubumbashi
Ndugu zangu, mimi kinachoniudhi ni hicho cheti cha "thamani ya kipekee". Vile vitu vizuri kabisa vilipatikanaje? Serikali ya Leopold, mfalme wa Ubelgiji aliyeitawala Kongo, iliwagawia wachongaji wa Ubelgiji pembe za Kongo ili watu wazoee bidhaa ya koloni. Sanamu ya Sphinx ya mchongaji Charles Van der Stappen, ya pembe na fedha, iliyoko makumbusho ya Brussels, ni ya 1897. Mwaka huohuo walileta Wakongomani 267 kuonyeshwa Tervuren, karibu na Brussels, saba wakafa, makaburi yao yapo kanisani palepale. Kitu cha namna hiyo kikitua mnadani London kitapewa cheti kwa sababu ni kizuri, na kichana cha mama wa kawaida kitakataliwa.

Mdau, fundi samani Uingereza
Hapo kwenye cheti sibishani, kifutwe. Vya daraja hilo viende makumbusho, na kibao kiandikwe pembe ilitoka wapi. Lakini ile asilimia 10 mniachie. Ila mjue tu kwamba mwenye mali ndiye anayejipimia na kujaza fomu mwenyewe.