Naomba ushauri: je, mtu wa bara anahitaji mwongozaji ili kuvijua vyakula na historia ya Mji Mkongwe?

Mwalimu wa Kondoa

Ndugu wanajukwaa, salaam.

Katika likizo ya Juni ninatarajia kumpeleka Unguja kwa siku tatu mama yangu, mwenye umri wa miaka 67, pamoja na mpwa wangu aliye kidato cha pili. Mama hajawahi kupanda boti, lakini kwa miaka mingi amekuwa akitueleza kwamba pilau anayoipika alifundishwa na jirani aliyetoka Unguja, na sasa anataka kuona kilikotoka kile alichofundishwa.

Nimekutana na matangazo ya matembezi ya miguu ya muda wa saa tatu hivi, ambapo mwongozaji huwapitisha wageni vichochoroni, wakionja hiki na kile huku wakielezwa habari za majengo. Bei zimeandikwa kwa dola, na maelezo yote yanamlenga mtu asiyejua hata kuamkia. Hapo ndipo ninapokwama. Sisi lugha tunaijua, njia tunaweza kuuliza, na sambusa si kitu kigeni kwetu. Je, ipo sababu ya kumlipa mtu atufasirie tunachokielewa? Aidha, mama ana shinikizo la damu na goti moja linamsumbua, hivyo ningependa kujua kama matembezi hayo yanamfaa. Natanguliza shukrani.

Msafiri wa Jumamosi

Mwalimu, hifadhi fedha zako. Mimi nililipa miaka michache iliyopita nikiwa na mke wangu, na katika saa hizo tatu tulitumia karibu dakika arobaini ndani ya duka moja la picha na vinyago, ambako mwongozaji wetu alipokewa kwa jina na kuletewa kiti. Chakula tulichoonja kilikuwa kipande cha mkate, kipande cha nanasi na kikombe cha kahawa. Jioni tulijiendea wenyewe Forodhani, kwenye bustani ya pwani wanakouza vyakula usiku, tukala hadi tukashindwa kuinuka. Mji wenyewe ni mdogo. Kutoka sokoni Darajani hadi baharini hakuzidi kilomita moja, na ukipotea utatokea tu pwani au barabara ya Darajani.

Mzaliwa wa Vikokotoni

Ndugu Msafiri, pole kwa yaliyokupata, ila nadhani kasoro haikuwa duka peke yake. Matembezi ya saa tatu yanayoanza saa tatu asubuhi hayawezi kukuonesha chakula cha Unguja, hata mwongozaji awe mwaminifu kiasi gani, kwa sababu kwetu kila chakula kina saa yake.

Asubuhi na mapema ni wakati wa chapati, maandazi, maharage ya nazi, supu, na mkate wa ufuta ukiwa ungali moto. Boko boko, yaani ngano iliyopikwa na nyama kwa muda mrefu na kupondwa hadi vikashikana, huwahiwa. Ukijikokota utakuta sufuria inaoshwa. Mchana ni wali, samaki wa nazi, pilau na biriani. Baada ya Alasiri ndipo urojo unaponoga, na hapo utaona watoto waliotoka skuli wakichangamkia mabakuli pamoja na watu wazima waliovaa makoti ya ofisini. Forodhani haianzi kuchangamka mpaka Magharibi ikaribie. Kwa hiyo mtu anayekuahidi vyote hivyo kwa mkupuo mmoja anakuahidi viporo.

Kuhusu urojo, mama asiuchukulie kama supu. Ule mchuzi wa manjano hupatikana kwa unga uliokorogwa na bizari na kutiwa ukali wa embe mbichi au ndimu, kisha ndani yake hutiwa mbatata, bajia, kachori, pengine mshikaki na yai, na juu chatini ya nazi na vipande vyembamba vya muhogo vilivyokaangwa. Kila muuzaji ana mkono wake. Watu wa mtaa mmoja wanaweza kubishana kuhusu urojo wa nani ni bora kwa muda mrefu kuliko wanavyobishana kuhusu mpira.

Ushauri wangu ni huu: msimtafute mtu wa kuwalisha. Gawanyeni chakula kwa siku zote tatu kwa kufuata saa zake, na kama mtamlipa mtu, mlipeni kwa ajili ya kuta, yaani habari za majengo.

Kitambulisho Shingoni

Ninafanya kazi hii ya kuongoza wageni, hivyo msomaji apime maneno yangu akilijua hilo. Nimefurahi kwa kauli ya "mlipeni kwa ajili ya kuta", kwa kuwa ndiyo hasa kazi yetu, ingawa wapo wenzetu walioigeuza kuwa kazi ya kupeleka watu madukani.

Kwanza, Mwalimu, utakaposhuka bandarini watakufuata vijana tunaowaita mapapasi, nao watakuambia kwamba ni waongozaji. Mwongozaji halali anasajiliwa na Kamisheni ya Utalii Zanzibar na hubeba kitambulisho. Mwombe akioneshe, naye hataona vibaya. Pili, mjadiliane bei kwa shilingi na kwa Kiswahili, mkimweleza wazi kwamba hamtaingia duka lolote msiloliomba wenyewe. Sentensi hiyo moja huondoa nusu ya matatizo.

Sasa kuhusu swali la msingi, kama anayejua lugha anahitaji kuongozwa. Lugha itakupa jina la kitu, lakini jina halitakuambia ni kwa nini kitu hicho kiko pale. Utauona mlango wenye kizingiti cha juu kilichonyooka na kuchongwa aya za Qur'ani, na hatua chache mbele utauona mwingine ulioviringwa juu kama upinde. Wa kwanza unafuata mtindo wa Waarabu na wa pili ule wa Wahindi, na kwa hiyo mlango unaanza kukueleza nani aliishi hapo kabla hujabisha hodi. Utaketi juu ya baraza ya mawe bila kufikiri kwamba iliwekwa ili mwenye nyumba azungumze na mgeni asiyepaswa kuingia ndani, na kwamba mvua kubwa ikijaza maji kichochoroni watu hupita juu yake. Vyumba vya nyumba hizo ni vyembamba, na sababu yake ni boriti za mikoko zinazobeba dari, ambazo urefu wake ndio uliompangia fundi upana wa chumba.

Ukitaka kumpima mwongozaji, msubiri afike Mkunazini. Pale palikuwa na soko la watumwa lililofungwa mwaka 1873 kwa amri ya Sultan Barghash chini ya shinikizo la Waingereza, na juu ya uwanja huo Askofu Edward Steere akasimamia ujenzi wa kanisa la Kianglikana ambamo yeye mwenyewe amezikwa, nyuma ya madhabahu. Jirani na kanisa wageni hushushwa katika vyumba vya chini na kuambiwa kwamba watumwa walifungiwa humo. Jengo lililo juu ya vyumba hivyo lilijengwa na wamisionari baada ya soko kufungwa, na kwa sababu hiyo wapo wanahistoria wanaoitilia shaka simulizi hiyo. Mwongozaji mzuri atakueleza yote mawili, kwamba mateso yaliyofanyika pale ni ya kweli na kwamba vyumba vile vina mjadala. Anayekusimulia kwa machozi bila kutaja mjadala huo ana mengine mengi ambayo hayachunguzi.

Beit al-Ajaib, lile jumba la sherehe la masultani, mtaitazama kwa nje. Ilijengwa mwaka 1883, na tarehe 25 Desemba 2020 sehemu yake iliporomoka.

Bi Mkubwa wa Michenzani

Mwanangu Mwalimu, wengine wamesahau goti na shinikizo la damu la mama yako. Vichochoro vina kivuli kwa sababu majumba yamekaribiana, lakini sakafu yake haiko sawa, na pikipiki na baiskeli hupita bila kutarajiwa. Mama avae viatu vya bapa visivyoteleza, na msitembee zaidi ya saa moja na nusu bila kuketi. Bahati nzuri mji wetu una mabaraza kila mahali.

Chumvi ni jambo la kuangalia. Bajia, kachori na mishikaki hutiwa chumvi kila kimoja kivyake, kisha hukutana ndani ya bakuli moja la urojo. Aombe bakuli dogo, pilipili na chatini viwekwe pembeni, na asile siku moja urojo na vya Forodhani. Huko Forodhani mchague kinachopikwa mbele ya macho yenu, kama ile piza ya kwetu ambayo ni unga mwembamba unaokunjiwa nyama ya kusaga, kitunguu na yai na kukaangwa papo hapo. Ngisi na kamba waliopangwa mezani tangu jioni muwaache hapo hapo mezani. Ulizeni bei kabla ya kuagiza. Juisi ya miwa iliyosagwa na tangawizi na ndimu haina tatizo kwake asipokuwa na ugonjwa wa kisukari.

Mmechagua mwezi mzuri pia, kwa sababu hali ya hewa ni ya ubaridi kidogo. Mkija tena, muuepuke mchana wa Ramadhani kwa shughuli ya kuonja, ingawa jioni zake, wakati wa futari, hazina mfano.

Mwalimu wa Kondoa

Nawashukuru nyote. Naona sasa nilikuwa nimeyachanganya maswali mawili. Nimeamua tutamchukua mwongozaji mwenye kitambulisho kwa asubuhi moja tu, kwa ajili ya majengo, na vyakula tutavifuata wenyewe kwa saa zake. Je, lipo jambo ambalo mpwa wangu angefaa kulisikiliza kwa makini zaidi? Anapenda somo la Kiswahili.

Kitambulisho Shingoni

Lipo. Asikilize watu wanavyozungumza sokoni Darajani, katika soko lililojengwa mwaka 1904. Mkutano uliofanyika Mombasa mwaka 1928 uliichagua Kiunguja kuwa msingi wa Kiswahili sanifu, hivyo wauza bizari wale wanazungumza lahaja iliyozaa vitabu vyake vya kiada. Aandike maneno yasiyomo katika vitabu hivyo, daftari litajaa.

Mwalimu wa Kondoa

Ndugu zangu, tumerudi salama, na nimeona si vyema kupokea ushauri kisha ninyamaze.

Mwongozaji tuliyempata alifaulu mtihani wa Mkunazini bila kuulizwa. Pale kanisani mama hakusema neno kwa muda mrefu, na tulipotoka aliomba tuketi, tukaketi juu ya baraza hadi alipokuwa tayari. Mambo ya milango hayakumvutia sana. Kilichomvutia ni duka la viungo Darajani, ambako alimweleza muuzaji jinsi anavyopika pilau yake, na muuzaji, mwanamke wa rika lake, akamsahihisha kwa upole kuhusu wakati wa kutia bizari ya pilau. Walibishana kwa nusu saa, na mwongozaji wetu akawa na hekima ya kutowaharakisha. Mpwa wangu amerudi na maneno arobaini na moja.

Kosa letu lilikuwa moja: asubuhi ya pili tulilala hadi saa tatu, na tulipofika tuliambiwa kwamba boko boko limekwisha. Mama amekwishauliza mara mbili likizo ya Desemba inaanza lini.