Kikombe cha pili

Dada Mkubwa: Jamani mko wapi? Nimetoka kwa mama sasa hivi. Nimekuta vikombe viwili mezani, kimoja kimefunikwa sahani. Nikamuuliza cha nani. Anasema, "Baba yenu leo kachelewa."

Kaka: Mungu wangu. Ukamjibuje?

Dada Mkubwa: Nikamwambia mama, baba si tulimzika, mwaka wa 6 huu. Akaangua kilio kama ndiyo kwanza anapewa habari. Haikupita nusu saa akauliza tena. Nikanyamaza.

Kitinda Mimba: Mimi hunipigia kila jioni, swali lile lile. Juzi nikamkatisha, "Mama, nimeshakwambia mara nne." Akasema, "Samahani mwanangu." Hiyo samahani haijanitoka moyoni.

Shangazi: Poleni wanangu. Msimsahihishe tena habari za baba yenu, kila mkimwambia msiba unaanza upya. Mwulizeni tu, "Umemkumbuka baba?" Mwacheni asimulie. Ya zamani anayo, ya leo asubuhi ndiyo hayakai.

Kaka: Lakini shangazi, si uzee tu?

Shangazi: Hapana baba. Kusahau miwani ulipoiweka, sawa. Kusahau kwamba umemzika mume, huo si uzee. Nilimuuguza bibi yenu, nayajua haya. Apelekwe hospitali.

Kaka: Ndiyo Alzheimer hiyo, ule ugonjwa wa ubongo wa kusahau?

Shangazi: Yaweza kuwa, na yaweza kuwa kingine, daktari ndiye aseme. Upungufu wa vitamini B12, maambukizi ya mkojo, hata dawa anazomeza, vyote huvuruga akili za mzee na vinatibika. Bebeni dawa zake zote mwende nazo. Na masikio yapimwe! Asiyesikia vizuri hujitenga, na upweke unamzidishia. Kutwa nzima yuko na redio tu yule.

Mjukuu: Shikamooni. Bibi ana karatasi kwenye mfuko wa gauni, kaandika majina yenu. La baba mdogo kaliandika mara mbili.

Kitinda Mimba: 😭 Ijumaa nakuja. Nitalala huko mpaka Jumapili.

Kaka: Hospitali nampeleka mimi Jumatatu. Dada, umeshafika kwako?

Dada Mkubwa: Sijafika. Nimegeuza njiani, niko kwa mama tena. Hajaniuliza kilichonirudisha. Kaondoa ile sahani, kanimiminia chai kwenye kikombe cha baba.