Naombeni ushauri: God of War za Ugiriki nizicheze au nisubiri ijayo?

Habari zenu wakuu. Nimemaliza michezo ya video ya God of War, ile ya 2018 na Ragnarök ya 2022, pamoja na Valhalla, ile nyongeza ya bure ya Desemba 2023. Hiyo Valhalla ndiyo imenivuruga: Kratos, mhusika mkuu, anakabiliana na makosa yake ya Ugiriki, na mimi michezo ya mwanzo, ile ya Ugiriki yenyewe, sijaicheza.

Nina PS4 tu. Nimepata God of War III iliyoboreshwa, ila kuanzia ya tatu naona kama kuingia msibani bila kumjua marehemu. Za mwanzo nilijaribu kutazama video zake, nikasinzia.

Je, ya tatu itaeleweka yenyewe? Na mliofuatilia tangu 2005, Kratos bado ana hadithi, au sasa zamu ni ya mwanawe Atreus?